Mbia mwenzangu hataki kusaini mkataba wa meneja niliyempata

SWALI: Mimi na mwenzangu niliyesoma naye chuo tulianzisha kampuni ya kusaga na kufungasha unga wa lishe hapa Dodoma miaka saba iliyopita. Hisa ni nusu kwa nusu, na sote ni wakurugenzi. Mimi nashughulika na masoko na magari ya usambazaji, yeye anashika fedha na kiwanda. Sasa tuna wafanyakazi 42, tunauza mpaka Kahama na Mwanza, na sote wawili tumechoka. Tumekubaliana tutafute Meneja Mkuu. Nimempata kijana aliyekuwa meneja wa kanda kwenye kampuni kubwa ya vinywaji, anataka milioni tano kwa mwezi. Mwenzangu anataka tumpandishe mhasibu wetu, ambaye tuko naye tangu mwaka wa kwanza. Tumebishana miezi minne. Wiki iliyopita akaniambia waziwazi: "Ukimleta huyo, mkataba wake sisaini." Kijana naye anasema anatusubiri mpaka mwisho wa mwezi, baada ya hapo anaenda kwingine. Nifanyeje? — Mbia, Dodoma

JIBU: Dada, nianze na la mwisho, maana ndilo linalokukimbiza. Uache mwisho wa mwezi upite. Tarehe hiyo kaipanga kijana kwa mahesabu yake, kampuni yenu haina deni nayo. Mtu anayekuja kuongoza watu 42 akiingia kwa sababu mmoja wenu aliogopa kalenda, ataanza kazi na bosi mmoja anayemshangilia na mwingine anayemvizia. Wafanyakazi watalijua hilo kabla hata hajakabidhiwa ufunguo wa ofisi, na kila atakayenyimwa kitu na meneja atajua mlango gani wa kwenda kulalamika.

Lakini pia usikubali mhasibu apandishwe ili upate kupumzika na ugomvi. Hilo nalo litakurudia.

Nimeisoma barua yako nikitafuta mahali unaposema huyo Meneja Mkuu atafanya kazi gani. Hapapo. Umenieleza katoka wapi, anataka kulipwa nini, na nani anamtaka nani. Naamini hata mezani kwenu, kwa miezi minne, mmekuwa mkirushiana majina tu. Na yatazame majina yenyewe: wewe wa masoko umeleta mtu wa masoko, mwenzako wa fedha kaleta mtu wa fedha. Kila mmoja katafuta wa kumpokea mzigo wake, halafu akampa cheo kikubwa. Si dhambi, mtu aliyechoka ndivyo anavyofanya. Ila mkiendelea hivyo mtabishana mwaka mzima, kwa kuwa mnatafuta watu wawili kwa nafasi moja.

Chukua jambo la siku moja kiwandani kwenu. Saa kumi jioni lori la karanga liko getini. Kipimo kinaonyesha sumukuvu, ile sumu ya ukungu wa nafaka na karanga, imezidi kiwango. Dereva anataka kushusha aondoke, mzigo wa Mwanza unatakiwa kupakiwa alfajiri, na stoo hakuna karanga nyingine. Nani anasema "lirudi"? Leo nadhani ni mwenzako, maana kiwanda ni chake, na wewe uko kwenye simu unamwambia wateja watakukimbia. Akishakuja Meneja Mkuu, atasema nani? Kama jibu lenu ni "meneja, ila atupigie kwanza", basi mnayemtafuta ni karani wa kupiga simu, na karani halipwi milioni tano. Na kwa mji wenu hili si suala la kufanyia mzaha. Mwaka 2016 sumukuvu iliua watu Dodoma na Manyara, na unga mnaouza nyinyi unakorogwa uji wa watoto.

Kwa hiyo kazi ya kwanza ni karatasi, na kila mmoja aandike yake peke yake kabla hamjakutana. Msiandike sifa za mtu. "Awe mwaminifu, mchapakazi, mwenye uzoefu" haisaidii kitu, hakuna kampuni inayotangaza kumtafuta mvivu. Andikeni maamuzi. Kununua mahindi soko la Kibaigwa bei inapopanda ghafla: mpaka shilingi ngapi bila kuuliza mtu? Kumkatia mali kauli, yaani kuacha kumpa mzigo kwa mkopo, muuzaji wa jumla ambaye hajalipa mzigo uliopita. Kurudisha lori. Kumwondoa wakala wa mkoa. Kubadili bei ya pakiti ya kilo moja. Kuajiri na kuachisha kuanzia msimamizi wa zamu kushuka chini. Kuidhinisha malipo. Yakifika kumi au kumi na mawili yanatosha. Mbele ya kila moja andika leo anaamua nani, na akija meneja ataamua nani.

Kisha wekeni karatasi zenu pamoja. Wabia niliokaa nao kwenye zoezi hili kwa kawaida hushangaa kuona sehemu kubwa inalingana, na ugomvi wote umejificha kwenye mistari miwili au mitatu. Kwenu nabashiri ni mali kauli na malipo. Mali kauli kwa sababu wewe ndiye unayewajua wale wauzaji kwa majina, unajua nani akikatiwa leo atahamia kwa mshindani kesho, na yeye ndiye anayekaa usiku na daftari la madeni. Malipo kwa sababu mwenzako mwenyewe kasema: hatasaini. Mtu aliyeshika fedha za kampuni miaka saba anaona anakuja mgeni, kaletwa na wewe, anakujua wewe, atakushukuru wewe. Inawezekana kabisa hana neno na kijana. Anachokiona ni fedha zikihama kutoka mkononi mwake kwenda kwa mtu wako. Nawe, ukijisema ukweli, mhasibu akipanda utaona kwamba mwenzako kapata kura ya pili ofisini. Hofu zote mbili zina mantiki. Hakuna hata moja itakayoondolewa na wasifu mzuri wa mwombaji.

Hapo ndipo mzungumze viwango. Kwa mfano, meneja aidhinishe malipo mpaka kiasi fulani peke yake, juu ya hapo pamoja na mmoja wenu, na juu zaidi ninyi wawili. Mali kauli iwe na ukomo kwa kila mteja, na akiufikia asiongezewe hata akiwa rafiki yako wa siku nyingi. Mkishayaandika haya, nakwambia, mwenzako anaweza kumwona kijana kwa jicho lingine. Au wewe ukamwona mhasibu kwa jicho lingine, hilo nalo hutokea.

Tuje kwenye milioni tano. Tano ipi? Ya mkononi au ghafi, yaani kabla ya makato? Nauliza kwa sababu nimeona wabia wakigombana wiki nzima juu ya mshahara, mmoja akihesabu cha mkononi na mwingine akihesabu kinachotoka kwenye akaunti ya kampuni. Kama ni tano ghafi, akikatwa asilimia 10 ya mfuko wa hifadhi ya jamii (NSSF) na kodi ya mshahara (PAYE), yeye ataondoka na kama milioni 3.3. Kampuni, ikiongeza mchango wake wa asilimia 10, tozo ya kuendeleza ufundi stadi (SDL) na mchango wa mfuko wa fidia kwa wafanyakazi (WCF), itatoa kama milioni 5.7. Lakini kama anataka tano zifike mfukoni, ghafi yake itakuwa zaidi ya milioni 7.6, na kampuni itatoa zaidi ya milioni 8.5 kila mwezi. Kati ya hesabu hizo mbili kuna karibu milioni 3 kwa mwezi, zaidi ya milioni 30 kwa mwaka. Mtu aliyezoea kuajiriwa na kampuni kubwa huwa anazungumza ghafi, lakini muulize, na jibu lake liandikwe. Mwenzako anayeshika fedha pengine ameshapiga hesabu ya pili kimyakimya, ndiyo maana anakuona unaifilisi kampuni.

Sasa, namna ya kuamua. Fungueni katiba ya kampuni mliyoisajili kwa wakala wa usajili wa kampuni, BRELA, msome kifungu cha vikao vya wakurugenzi. Nyingi humpa mwenyekiti wa kikao kura ya ziada kura zikilingana. Kama mwenyekiti ni wewe, huenda karatasi inakuruhusu kumwajiri kijana kesho asubuhi. Usithubutu. Utashinda kikao, kisha mshahara wa kwanza utakwama benki kwa sababu akaunti inataka saini mbili. Hata usipokwama, umeshamfundisha mwenzako kwamba kwenye jambo kubwa kura yake haina kazi, na miaka saba mliyojenga imeanza kubomoka.

Kwa nafasi hii mimi nashauri kila mmoja awe na kura ya turufu, ila turufu iwe na masharti. Anayekataa ataje sababu inayoweza kuchunguzwa, na aseme ni kitu gani akikiona atabadili mawazo. "Simwamini" haitoshi. "Simwamini na fedha, nataka nizungumze na aliyekuwa bosi wake kuhusu madeni ya mawakala wa kanda ile" inatosha, maana simu ikipigwa kuna jibu. Sharti jingine ni la muda: anayekataa alete mwombaji mwingine ndani ya siku 45, anayekidhi ile karatasi ya maamuzi. Asiyeleta, turufu yake kwa mwombaji yule imekwisha. Bila sharti hili, mmoja wenu anaweza kukataa mpaka mwakani na kampuni ikaendelea kuendeshwa na watu wawili waliochoka.

Mkihitaji mtu wa tatu, msimchukue mjomba wa mtu, wala mwanasheria aliyewahi kumhudumia mmoja wenu, wala kiongozi wa dini hata kama anawapenda nyote wawili. Huyo atawapatanisha, na hapa hamjakosana kiasi cha kupatanishwa. Mtafuteni mtu aliyewahi kuendesha kiwanda na kumkabidhi mwingine. Kwa wanachama wa chemba ya wafanyabiashara, TCCIA, mkoani hamtamkosa, na ofisi ya shirika la viwanda vidogo, SIDO, wanawajua wengi. Mlipeni posho yake, mpeni karatasi zenu mbili na wasifu wa waombaji wote, na mumuulize swali moja tu: nani kati ya hawa anaweza kubeba maamuzi haya? Msimpe nafasi ya kuamua nani kati yenu ana haki.

Kuhusu waombaji wenyewe nina mashaka na wote wawili, kwa sababu tofauti.

Kijana wako ametoka mahali ambapo kinywaji kinajiuza, magari yapo, mabango yapo, friji wanapewa wenye maduka bure. Muulize aliwahi kuuza nini bila vitu hivyo. Unga wa lishe wa Dodoma haujulikani Kahama kama soda inavyojulikana, na huna friji ya kumpa mtu. Usiridhike na wadhamini aliowaandika mwenyewe. Tafuta wakala aliyefanya naye kazi akaacha, na dereva. Madereva wanajua mengi kuhusu mameneja wa kanda. Halafu mwenzako amsaili peke yake, wewe usiwemo chumbani, na awe huru kumbana kwenye fedha na uzalishaji. Akitoka humo mwenzako akiwa angalau amemheshimu, mmepiga hatua ambayo miezi minne ya mabishano haikuwapa.

Mhasibu ana kitu ambacho hakuna mgeni atakayekuwa nacho kwa mwaka wa kwanza: anajua kila shilingi ilipopita. Lakini mtu aliyekuwa anaandika vitabu akianza kuidhinisha malipo, na vitabu vikabaki kwake, mmejifunga macho wenyewe. Akipanda, siku hiyo hiyo vitabu viende kwa mtu mwingine asiyechaguliwa na yeye. Na mumpime kwa lile lori la karanga. Wahasibu wengi wazuri hawajawahi kumwambia mtu "hapana" akiwa amesimama mbele yao getini. Wamezoea kuisema kwa barua. Anaweza, hawezi, sijui mimi, ila lijaribuni: mpeni mamlaka ya uendeshaji kwa wiki kadhaa mwenzako akiwa likizo ya kweli, simu imezimwa.

Na kuna jambo ambalo barua yako imelipita. Mhasibu anajua. Ofisi ya watu 42, wakurugenzi wakibishana miezi minne, hawezi kuwa hajui. Kila siku mnayochelewa yeye anajiuliza kama ataletewa bosi mwenye umri wa mdogo wake. Mmoja wenu, ikiwezekana mwenzako, amwite wiki hii amwambie kwamba nafasi ipo, kwamba anafikiriwa, na kwamba asipoipata yeye hataondolewa kazini wala kupunguziwa mshahara. Mkimpoteza katikati ya mvutano huu, hata meneja bora atakuta vitabu vimeachwa wazi.

Wapenda mifano ya Marekani hutaja Google. Larry Page na Sergey Brin walipopokea dola milioni 25 za wawekezaji mwaka 1999, walikubali kutafuta mtendaji mzoefu, na Eric Schmidt akaja mwaka 2001. Katikati hapo walikataa watu mpaka wawekezaji wakachoka nao. Schmidt mwenyewe, siku walipokutana mara ya kwanza, walimkosoa mipango aliyokuwa nayo Novell, kampuni aliyokuwa akiiongoza, akabishana nao, na wakapenda alivyobishana. Alikaa kwenye kiti cha mtendaji mkuu wa Google mpaka 2011. Mfano wa kukutisha wewe hasa ni wa Apple: Steve Jobs ndiye aliyemfuata John Sculley kule Pepsi mwaka 1983, kwa kumbembeleza. Miaka miwili baadaye waligombana, bodi ikasimama na Sculley, na Jobs akaondoka kwenye kampuni aliyoianzisha. Kwa hiyo usidhani kwa kuwa umemleta wewe atakuwa wako.

Mkishakubaliana na mtu, yeyote yule, mkataba wake uandikwe kwa akili. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inaruhusu mkataba wa muda maalumu kwa wataalamu na kada ya mameneja, na kanuni zake za 2017 zinataka muda huo usipungue miezi 12. Mwaka mmoja unawatosha kuanza. Mfanyakazi ambaye hajatimiza miezi 6 halindwi na kanuni za uachishaji usio wa haki kama anavyolindwa aliyepita hapo, kwa hiyo tathmini yenu ya kwanza iwe mwezi wa tatu wa ajira yake na ya pili mwezi wa tano, kwa maandishi, ninyi wawili mkiwa mmekaa pamoja. Kusubiri mwezi wa nane ndipo mseme hafai ni kujipeleka wenyewe mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Karatasi ya maamuzi na viwango vyake iambatanishwe kwenye mkataba. Na msimwandikishe BRELA kama mkurugenzi. Meneja Mkuu si lazima awe mkurugenzi, na kumwondoa mkurugenzi ni safari nyingine tofauti na kumwachisha kazi mfanyakazi.

Awe na bosi mmoja wa kila siku. Najua hili litawauma. Manahodha wengi chombo huenda mrama, na hapa mko wawili mliozoea kila mmoja kupiga simu moja kwa moja kwa mtu wake wa chini. Kama meneja atatoka upande wako, aripoti kwa mwenzako. Akitoka upande wa mwenzako, aripoti kwako. Wengi hufanya kinyume chake, na ndipo kambi huzaliwa. Yule ambaye haripotiwi anamwona kwenye kikao cha kila mwezi, na nje ya hapo hampigii simu kuagiza kitu.

Limebaki moja la kulisema kwa uwazi: ikiwa mmeandika maamuzi, mmekubaliana viwango, mmempata mtu wa tatu, na mwenzako bado anakataa kila anayeletwa kutoka nje kwa sababu ambayo haichunguziki, basi mjadala wa meneja umekwisha. Mnachobishania ni kama bado mnataka kumiliki kampuni pamoja. Hapo tafuteni mthamini wa biashara, muulizane nani angependa kununua na nani angependa kuuza, na mliandike kwenye mkataba wa wanahisa, ambao naona kwa barua yako hamna. Kwenda mahakamani kuomba kampuni ivunjwe kwa sababu wanahisa wamekwama inawezekana kisheria, lakini mpaka shauri liishe wateja wa Kahama watakuwa wanakula unga wa mtu mwingine. Sidhani mmefika huko. Mtu anayesema "sisaini" bado yuko mezani.

Kwa mwenzako, kesho, ukimkuta kabla simu hazijaanza, mwambie: "Sitamleta mtu ambaye wewe hutasaini. Naomba na wewe usimpandishe mtu ambaye mimi sitasaini. Tuandike kwanza kazi yenyewe, Jumamosi tukutane nje ya ofisi." Msikutane kiwandani, mtakatizwa.

Kwa kijana, mtumie ujumbe leo, mfupi: "Tunashukuru kwa subira yako. Mwisho wa mwezi hatutakuwa tumefikia uamuzi, kwa kuwa wakurugenzi wote wawili wanataka kukusaili upya, kila mmoja kwa wakati wake. Kama umepata nafasi nyingine, ichukue bila kinyongo. Kama bado unatutaka, njoo na hesabu za madeni ya mawakala wa kanda uliyoiongoza." Akikasirika na sentensi ya mwisho, mpigie mwenzako umwambie alikuwa sahihi.